Shangazi, niuze muswada wangu wa omena?

Shikamoo Shangazi,

Nina miaka 37, nimeolewa na mwalimu, tuna watoto wawili na tunaishi Nyalenda, hapa Kisumu. Nikiulizwa kanisani nafanya kazi gani hujibu "video", na si uongo, maana kinachotuletea unga nyumbani ni harusi na mazishi. Mazishi hasa. Siku nzima ya mazishi hunilipa 15,000, pamoja na kuvutwa shati na mjomba wa marehemu anayetaka aonekane akitoa hotuba.

Lakini mimi ni mwandishi na mwongozaji wa filamu, Shangazi. Kwa miaka tisa nimetengeneza filamu fupi tatu, zote kwa pesa zangu. Lenzi ninayotumia niliinunua kwa karo ya muhula wa pili ya kifungua mimba wangu. Mume wangu alikopa kwenye chama cha walimu akafidia, na hajawahi kunitajia jambo hilo. Afadhali angenitajia.

Filamu ya tatu ilichaguliwa kwenye tamasha moja ng'ambo. Sikwenda, nauli ningeitoa wapi? Waliniandikia baadaye kwamba watu walipiga makofi, na kwamba hawajawahi kusikia kitu kama ile sauti ya omena, wale dagaa wa ziwani, wakimwagwa kwenye sakafu ya mtumbwi, kama mvua ya mabati. Fundi wangu wa sauti alisimama ziwani maji yakimfika kifuani, maikrofoni ameifunga kwenye mfuko wa nailoni, kutoka saa tisa usiku hadi kulipokucha, tukapata sekunde 40. Makofi hayo hayakuja na senti.

Sasa nina muswada wa filamu ndefu, kurasa 94, rasimu ya sita. Ni kisa cha dada wawili wanaorithi mtumbwi na taa za baba yao za kuvulia omena, kwenye ufuo ambako mwanamke hununua samaki lakini akipanda mtumbwi watu huguna. Nimeuandika kwa miaka minne, usiku, watoto wakilala.

Mtayarishaji mmoja wa Nairobi ameusoma. Anataka kuununua kwa 180,000. Mkataba una kurasa tatu na unasema ninampa "haki zote, milele, kote ulimwenguni". Nilipomuuliza nani ataongoza, akasema hilo tutaliona mbele ya safari. Anataka pia kisa kihamie Naivasha, karibu na Nairobi, na dada wale waongee Kiingereza ili filamu iuzike nje. Mimi niliwaandika wakiongea Kijaluo na Kiswahili, kama watu wa ufuo waongeavyo. Natakiwa kutia saini kufikia Ijumaa ya wiki ijayo.

Mume wangu anasema nichukue. Mama anasema nichukue na nitafute kazi ya ofisi. Rafiki zangu wa filamu wanasema nikiuza nimekwisha, lakini wao hawana watoto. Ninaogopa nikikataa nitafika miaka 50 nikiwa bado nakimbizana na majeneza.

Jambo dogo la mwisho: yule fundi wa sauti hashiki simu zangu tangu Februari. Filamu zote tatu alifanya bila malipo, tulikubaliana tukiuza tutagawana, na hatujauza. Nadhani ni wivu tu, kwa kuwa jina langu ndilo lililotajwa kule. Je, nitafute fundi mwingine?

Niuze, nisiuze?

Mwongozaji, Nyalenda

*

Marahaba, mwanangu.

Nimesoma barua yako mara mbili, na mara ya pili nimekwama pale ulipoandika "jambo dogo". Nitarudi hapo. Kwanza tuumalize mkataba, maana una tarehe.

Kwa bei hiyo na kwa maneno hayo, usitie saini. 180,000 ni mazishi kumi na mawili, mwanangu. Miaka minne ya kukesha kwa mazishi kumi na mawili. Na bei si ndiyo mbaya zaidi. Wapo walioanza kwa bei ndogo kuliko hiyo wakafika. Kibaya ni lile neno "milele".

Muswada ni wako tangu siku ulipouandika. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya, ya mwaka 2001, inakulinda maisha yako yote na miaka 50 baada ya kufa kwako, kwa hiyo hata hao wajukuu ambao hujawaona wamo. Sheria hiyohiyo inasema mwenye haki hawezi kuhamisha hakimiliki yake kwa maneno matupu. Lazima pawe na maandishi yenye saini. Ndiyo maana ana haraka ya Ijumaa: bila kalamu yako hana kitu, na ukishatia saini wewe ndiye utakayebaki huna kitu.

Tena kuna kipengele ambacho waongozaji wengi hawakijui hadi wachomeke. Kwa sheria yetu, "mtunzi" wa filamu si yule anayepiga kelele "tayari, anza!" Ni mtu aliyefanya mipango ya filamu hiyo kutengenezwa, kwa lugha ya kazi yetu, mtayarishaji. Kwa hiyo hata akikuita uongoze, filamu itakuwa yake, isipokuwa mkataba useme vinginevyo. Ukiuza na muswada, unaingia kwenye seti kama kibarua katika nyumba uliyoichora mwenyewe. Na hilo la "tutaliona mbele ya safari" nimelisikia mara nyingi. Huko mbele ya safari huwa kuna mtu mwingine ameshakalia kiti.

Lakini usimtukane. Huyu ni mtu aliyesoma kurasa 94 hadi mwisho, na watu wa namna hiyo ni wachache kuliko unavyodhani. Mjibu kwa adabu, umwekee mezani mambo mawili. La kwanza ni opsheni: akulipe sehemu ya pesa sasa, kisha kwa miezi 12 awe yeye peke yake mwenye ruhusa ya kuutafutia muswada huo wafadhili. Akifaulu analipa iliyobaki, na mkataba unataja mwongozaji kwa jina. Asipofaulu, muswada unarudi kwako na pesa aliyokwisha kulipa hamdaiani. Akikataa hata hilo, utakuwa umejua alitaka nini.

La pili, na mimi ndilo ninalolipenda: mwandikie kingine. Ana hela na anataka kisa cha Naivasha chenye Kiingereza? Mwandikie cha Naivasha chenye Kiingereza, kwa bei mliyopatana, nusu kabla hujafungua kompyuta. Kuandika kwa kuajiriwa si aibu. Watu wengi wanaoandika na kuongoza filamu zao huishi kwa kuandikia wengine, na unayemwandikia huja kukujua. Hayo mazishi unayoyadharau hayakufundishi mazungumzo ya wahusika. Vipindi vya televisheni vitakufundisha, tena kwa kulipwa.

Kabla ya lolote, sajili muswada wako KECOBO, Bodi ya Hakimiliki. Si lazima kisheria, haki unayo hata usiposajili, ila siku ya kuzozana cheti huongea kuliko machozi. Na mtafute wakili hapo mjini akusomee hizo kurasa tatu. Utaona uchungu kumlipa. Mlipe.

Kuhusu lugha nitasema kidogo, kwa sababu naona umeshaamua na unataka tu mtu akuunge mkono. Ousmane Sembène wa Senegal, aliyezaliwa mwaka 1923, alikuwa kuli bandarini Marseille, kisha akawa mwandishi wa riwaya kwa Kifaransa. Akagundua kwamba watu anaoandika habari zao hawawezi kumsoma. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1963, akiwa na miaka 40, na miaka mitano baadaye akawa na filamu ndefu ambayo watu wake wanaongea Kiwolofu. Wewe una 37. Kwa hesabu za Sembène bado hujaanza, na dada zako waache waongee wanavyoongea.

Haya. Kufikia hapo utakuwa unatabasamu, kwa hiyo sasa nikuharibie siku. Muswada ulivyo huwezi kuupiga. Kabla sijaanza kujibu barua za watu nilishika daftari la mwendelezo kwenye seti kwa miaka kadhaa. Mimi ndiye niliyekuwa nikipiga kelele kwamba bandeji ilikuwa mkono wa kushoto jana na leo imehamia wa kulia. Kazi hiyo hukufunza hesabu. Ukurasa mmoja ni kama dakika moja ya filamu. Kikosi kidogo kikijitahidi hupiga kurasa tano kwa siku, kwa hiyo kurasa 94 ni siku 19 kwa uchache. Watu tisa kwa 2,000 kila mmoja kwa siku ni 18,000, na kwa siku 19 ni 342,000, kabla hujanunua chai, kukodi mtumbwi wala kutia mafuta kwenye jenereta. Hapo nimehesabu kazi ya nchi kavu. Juu ya maji, usiku, mkipata kurasa mbili mshukuru Mungu.

Keti na kalamu nyekundu uhesabu ni mara ngapi dada wale wanaingia ziwani usiku. Kama ni mara 25, punguza zibaki sita, halafu hizo sita uzipige vizuri mpaka mtu akiwa sebuleni kwake aone baridi.

Utapunguzaje bila kuua kisa? Wewe ni mtoto wa ziwa, jibu unalo. Uvuvi wa omena hufungwa kwa kawaida kuanzia tarehe 1 Aprili hadi tarehe 31 Julai, ili samaki wazaliane. Miezi minne mitumbwi iko mchangani imepinduliwa, nyavu zimekunjwa, gorogoro, lile kopo la kupimia, haina kitu na mwenye duka anadai. Kwa nini nusu ya pili ya filamu yako isiwe humo? Dada wawili wenye mtumbwi wasioruhusiwa kuutumia, na taa ambazo mwenye deni anazitaka. Kwa mwandishi, huo ni utajiri usiogharimu mafuta ya injini. Na mwenye mtumbwi ambaye angekutoza pesa nyingi mwezi wa Septemba atakukodishia kwa bei ya kueleweka, kwa sababu mtumbwi wake umekaa bure.

Za majini zipige msimu ukifunguliwa, lakini si usiku wa giza ambapo kila mtu yuko kazini. Unajua mwenyewe kwamba mwezi ukiwa mpevu taa hazivuti omena, na wavuvi hupumzika. Usiku huo mitumbwi ipo, watu wapo, na mwezi wenyewe unakumulikia maji bila kukudai. Pitia kwanza kwa BMU, kamati inayosimamia ufuo huo, na kwa afisa wa uvuvi, kwa maandishi. Ukiwasha taa ziwani mwezi wa Mei bila barua, askari wa doria hawatakuuliza kama wewe ni msanii. Leseni ya kupiga filamu nayo usiikwepe; Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ipo, na polisi wa ufuoni wanaijua vizuri sana wakitaka chai.

Kungoja msimu kutakuudhi. Satyajit Ray wa India alianza filamu yake ya kwanza mwaka 1952, akiwa ameajiriwa kuchora matangazo ya biashara huko Calcutta, akipiga picha siku za mapumziko. Siku ya kwanza alipiga watoto wawili kwenye shamba la maua marefu meupe. Wiki iliyofuata akarudi kumalizia akakuta ng'ombe wameyala yote. Akangoja hadi msimu mwingine maua yaote tena. Pesa zikamwishia, vito vya mkewe vikawekwa rehani, mwisho serikali ya jimbo lake ikamwokoa na filamu ikatoka mwaka 1955. Hakuacha kazi ya ofisini hadi filamu ilipokwisha. Nakwambia haya kwa sababu wewe unaona mazishi ni adui wa filamu. Kwa Ray matangazo yalikuwa unga. (Vito vya mkewe nisingependa uvichukue kama mfano. Wewe karo ulishakula.)

Na kwa kuwa tumefika hapo: huyo mwalimu mpangie tarehe ya kurudisha karo ile, hata kama ni kidogo kidogo kila ukitoka mazishini. Usimwambie ni deni la moyo. Mtumie kwa M-Pesa. Mtu aliyenyamaza miaka yote hiyo anasema "chukua" kwa sababu amechoka, na huenda hilo halihusiani na sinema kabisa.

Zile filamu fupi tatu mbona zimelala? Ng'ambo wamezisikia na Kondele hawajaziona. Zipeleke zikaainishwe na bodi ya uainishaji wa filamu, kisha kodi ukumbi, hata ule wa Mama Grace Onyango, Jumapili alasiri, kiingilio 200. Wakija watu 150 ni 30,000, mazishi mawili. Toa kodi ya ukumbi na mabango, ubaki na kitu. Utaona pia mahali watu wanapocheka ambapo hukutaka wacheke, na hiyo ni shule ambayo tamasha la ng'ambo halikukupa.

Sasa fundi wa sauti.

Soma ulichoandika mwenyewe. Wale wa tamasha hawakusifu muswada wako wala uongozaji wako, walisifu sauti. Mtu alisimama kwenye maji ya kifuani kuanzia saa tisa usiku, kwenye ziwa lenye viboko, ili wewe upate sekunde 40. Halafu jina likatajwa moja. Na wewe unasema ana wivu.

Rudi pia kwenye kile kipengele cha sheria. Mwenye kufanya mipango ndiye mwenye filamu. Katika hizo filamu tatu mtu huyo ni wewe. "Tukiuza tutagawana" hamkuiandika popote, kwa hiyo hana karatasi ya kushika. Unamwogopa mtayarishaji wa Nairobi asikufanyie jambo ambalo tayari umemfanyia rafiki yako hapo Kisumu. Angalau yule wa Nairobi ameleta 180,000.

Mimi nimekuwa huyo fundi. Kulikuwa na filamu niliyoishikia daftari siku 23, kwa ahadi kama yako. Mwongozaji alikuwa rafiki wa kweli, hata leo sidhani alipanga kunila. Alinipigia simu baada ya miezi kuniambia imechaguliwa mahali fulani, amefurahi, anacheka, ananisomea barua nzima. Nilikuwa Kibuye sokoni nikipimiwa sukari ya kukopa. Alipomaliza nikampongeza. Simu iliyofuata sikushika, na iliyofuata hiyo pia. Sikuwa na wivu. Nilikuwa nimechoka kumpongeza.

Kwa hiyo usitafute fundi mwingine. Kaa chini uhesabu siku alizokufanyia katika filamu zote tatu, siku kwa siku, hata zile mlizorudi kwa ajili ya mvua. Weka bei ambayo ungemlipa mgeni. Utapata jumla itakayokutisha. Igawe kwa miezi. Andika karatasi yenye jumla hiyo, na fungu lake kwenye hizo filamu zikipata chochote, utie saini wewe kwanza. Barua ya tamasha ichapishe, pale paliposifiwa sauti, kwa sababu sina hakika kama uliwahi kumwonyesha.

Usimpigie simu. Nenda kwake Jumapili jioni, wakati watu wako nyumbani. Ubebe pesa ya mwezi wa kwanza mkononi, karatasi hiyo na barua ile. Akikukaribisha chai, kunywa. Muswada wa omena uache nyumbani siku hiyo, hata akiuulizia.